Rufaa ya Bwana Mgeta

Nchi yetu siitaji jina, na si kwa woga. Jina lilibadilishwa na serikali iliyopita, serikali iliyofuata ikayakatia rufaa mabadiliko hayo, na mpaka shauri liamuliwe sisi watumishi wa umma tumeelekezwa kuandika "nchi husika". Nimetumikia nchi husika kwa miaka ishirini na mbili, yote katika masjala ya Baraza la Rufaa za Waajiri. Ninayosimulia hapa niliyaona mwenyewe au niliyapiga chapa mwenyewe. Nayasimulia kwa fahari, maana wapo wanaosema kwetu sheria hazifuatwi. Si kweli. Tunazifuata hata pale zinapokwenda zenyewe bila mtu kujua ziendako.

Bi. Sikudhani Mapande alikuwa mfumaji katika Kiwanda cha Mablanketi cha Bwana Pantaleo Mgeta. Aliingia akiwa mjane wa miaka thelathini na minne, akatoka ana sitini. Kwa miaka hiyo ishirini na sita alisimama mbele ya mashine namba tisa mpaka sikio lake la kushoto likafa kwa kelele, na kila mwisho wa mwezi alikatwa sehemu ya mshahara kwa ajili ya Mfuko wa Uzeeni. Sheria yetu, ambayo ni nzuri sana, inamtaka mwajiri aongeze na yeye sehemu yake, kisha apeleke zote mbili. Bi. Sikudhani hakuwahi kunung'unikia makato. Aliwaambia wenzake kwamba hiyo ndiyo pesa pekee ambayo wanawe hawajui pa kuiombea.

Siku ya kustaafu alipewa cheti na kupigiwa makofi. Wiki iliyofuata alikwenda Mfuko, na huko ofisa mmoja mpole akamgeuzia kompyuta ili aone mwenyewe. Michango yake ilikuwa ya miaka kumi na minne. Sheria inataka kumi na mitano. Kwa miaka kumi na miwili ya mwisho Bwana Mgeta alikuwa akikata bila kupeleka, na sehemu yake mwenyewe hakuitoa kabisa. Ofisa alimpa pole na kumshauri, kwa nia njema, atafute ajira nyingine ya mwaka mmoja.

Bi. Sikudhani hakulia pale. Alikwenda moja kwa moja kwa Mzee Ndalahwa Kisoki.

Mzee Ndalahwa alikuwa fundi mitambo wa kiwanda hichohicho, aliyestaafu mwaka mmoja kabla yake. Tangu mkewe afariki alikuwa akila chakula cha mchana na Bi. Sikudhani nyuma ya bohari, yeye akileta muhogo na mama yule akileta mboga, na watu walishachoka kuwasema. Hakuwa msemaji. Lakini alikuwa na tabia moja ambayo waajiri wengi huichukia: alitunza karatasi zake zote za mshahara, tangu ya kwanza, katika kopo la rangi lenye mfuniko. Walilibeba kopo hilo mpaka Mfuko, wakiwa na wastaafu wenzao waliokatwa vivyo hivyo, jumla mia nne na kumi na wawili. Mzee Ndalahwa akaliweka juu ya kaunta akasema neno moja tu.

"Hesabuni."

Walihesabu siku tatu. Na lazima niusifu Mfuko, kwa sababu ulikasirika. Ulimwandikia Bwana Mgeta alipe yote ndani ya siku thelathini, la sivyo mali yake ikamatwe. Siku thelathini zikapita. Mfuko ukatuma dalali.

*

Asubuhi ya kukamata mali watu walikuja kama harusini. Bi. Sikudhani alibeba kigoda chake ili aone akiwa ameketi. Dalali alitaja malori matatu, akaanza na lile jipya, akafunga mnyororo, na likaanza kuvutwa kutoka getini. Wanawake walipiga vigelegele. Mzee Ndalahwa, wanavyosema, alitabasamu, jambo ambalo hakuna aliyekuwa amelishuhudia kiwandani.

Hapo ndipo nilipofika mimi kwa pikipiki ya serikali.

Nilikuwa nimebeba amri ya Baraza. Bwana Mgeta alikuwa amekata rufaa saa mbili na nusu asubuhi, na Mwenyekiti wetu, Mheshimiwa Kilimba, ambaye kwa kawaida hufika kazini saa nne, siku hiyo alikuwa amefika saa mbili. Amri ilisema ukusanyaji wa michango usimame mpaka rufaa itakapoamuliwa, na kwamba hali ya mambo ibaki kama ilivyo wakati wa kupokewa amri. Dalali aliipokea nusu ya lori ikiwa nje ya geti na nusu ikiwa ndani.

Aliniuliza alirudishe au amalize kulitoa. Nikampigia simu Mheshimiwa Mwenyekiti, naye akanijibu kwamba amri imeandikwa kwa lugha ya taifa. Basi lori likabaki hapo. Mfuko uliweka mlinzi wa kulinda kichwa, kiwanda kikaweka mlinzi wa kulinda mkia, na Bwana Mgeta akaomba afidiwe gharama ya kubomoa ukuta ili apate geti jingine. Fidia hiyo alilipwa na Mfuko ndani ya wiki mbili, kwa sababu kudai fidia hakukuwa kumesimamishwa na mtu yeyote.

Bi. Sikudhani alikunja kanga yake, akachukua kigoda, akaondoka bila kunitazama. Mzee Ndalahwa alilizunguka lile lori, akagonga tairi moja kwa kiatu, akaniambia kwa sauti ya kawaida kabisa kwamba linahitaji upepo.

*

Miezi minane baadaye Baraza liliketi kusikiliza kama amri yangu iendelee au iondolewe. Nasema yangu kwa sababu niliipeleka mimi. Rufaa yenyewe haikuweza kusikilizwa, maana sheria inataka wajumbe watano na sisi tulikuwa na wanne. Lakini kwa kusimamisha mambo wanne wanatosha. Ni kwa kuyaendesha tu ndipo wanapotakiwa watano.

Wakili wa Bwana Mgeta, msomi Rugaimo, alizungumza saa moja na dakika arobaini. Alieleza kwamba mteja wake akilipa leo, na kesho akashinda, atakuwa amepata madhara yasiyofidika. Atazipata wapi tena pesa zilizokwisha gawiwa kwa wazee? "Waheshimiwa," alisema, akishusha miwani, "wazee wanakula. Mtu akishakula, Baraza hili haliwezi kumwamuru arudishe." Kisha akaonyesha kwamba pesa hizo zilikuwa salama zaidi mikononi mwa mteja wake, ambaye kwa miaka kumi na miwili hakumpa mtu hata senti, na hivyo alikuwa na uzoefu mkubwa wa kuzitunza kuliko taasisi yoyote nchini.

Bwana Mgeta mwenyewe aliinamisha kichwa kama mtu anayesifiwa msibani.

Wastaafu walipewa dakika tatu, wakamtanguliza Bi. Sikudhani. Alisimama akiwa ameshika kitambaa, na kwa sababu ya sikio lake alizungumza kwa sauti kubwa kidogo.

"Mimi sina sheria," alisema. "Nina swali. Ile iliyokatwa kwenye mshahara wangu ilikuwa yangu. Kama ilikuwa yangu, yeye anakata rufaa ya nini?"

Mheshimiwa Kilimba alimshukuru kwa kuuliza swali zuri. Alieleza kwamba hilo hasa ndilo swali la rufaa, na kwa kuwa Baraza halina akidi ya kusikiliza rufaa, lingekuwa limevunja sheria kama lingelijibu. Akamwomba akae. Zilikuwa zimebaki dakika mbili, zikahesabiwa kuwa zimerejeshwa serikalini.

Uamuzi niliupiga chapa mimi na naukumbuka vizuri. Baraza lilipima taabu ya kila upande. Upande wa mwajiri kulikuwa na hofu ya kupoteza, usumbufu wa moyo, na lori. Upande wa wastaafu kulikuwa na njaa, ambayo Baraza liliona kuwa ni hali waliyokwisha izoea na hivyo haikuongezwa na amri. Mizani ikaelemea kwa mwajiri. Amri ikaendelea.

Tena Baraza likakubali ombi jingine dogo la msomi Rugaimo. Alisema si haki mteja wake adaiwe na watu wasiokuwapo. Akaomba wastaafu wote wafike masjala kila baada ya miezi mitatu kuthibitisha kwamba bado wako hai, na asiyefika ahesabiwe kuwa hayupo, jina lifutwe, na deni lake liondolewe.

*

Kazi ya uhakiki wa uhai nilipewa mimi, na niliifanya kwa moyo. Niliweka meza uani, nikapanga madaftari, nikamwambia kila mzee aseme jina lake kamili na kupumua. Mara ya kwanza walifika mia tatu na tisini na saba. Mara ya pili, mia tatu na sabini. Msomi Rugaimo alikuja kila mara na kikokotoo chake, akakaa kwenye kivuli, na kwa kweli alikuwa na adabu. Kila jina likifutwa alivua kofia kwanza, ndipo akatoa hesabu.

Mwaka wa tatu, uhakiki wa mwezi wa saba, Mzee Ndalahwa hakuja. Bi. Sikudhani alifika akiwa amebeba sufuria la uji. Aliniambia mzee amelazwa wodi namba nne, vumbi la sufu la miaka yote limemkaba kifua, na uji ule ndio anaompelekea. Akaniomba nimwandike.

Nilimweleza kwamba siwezi kumwandika hai mtu ambaye sijamwona.

"Twende basi ukamwone," alisema. "Ni hapo, ng'ambo ya barabara."

Ni kweli hospitali iko ng'ambo ya barabara. Lakini kanuni zinasema mstaafu afike mbele ya daftari, hazisemi daftari lifike mbele ya mstaafu. Nilimwonyesha kifungu. Alikisoma mara mbili, midomo ikitikisika, kisha akainua sufuria lake akaenda.

Wiki mbili baadaye Mzee Ndalahwa alikuja mwenyewe, ameegemea fimbo upande mmoja na Bi. Sikudhani upande wa pili. Nilifurahi sana kumwona. Nilimpa kiti. Nikamweleza kwamba kwa bahati mbaya daftari limefungwa na yeye amekwisha fariki, ila ana haki kamili ya kukata rufaa kupinga kifo chake, na fomu ni bure. Alijaza fomu palepale kwa mwandiko mzuri wa kifundi. Penye sababu za rufaa aliandika: Nipo.

Mheshimiwa Kilimba aliipokea rufaa hiyo na, kwa kuwa ni mtu asiye na upendeleo, akaitolea amri ileile aliyomtolea Bwana Mgeta: hali ya mambo ibaki kama ilivyo mpaka shauri liamuliwe. Mzee Ndalahwa akabaki marehemu.

Jambo hili lisingekuwa na uzito mkubwa kama si kadi ya matibabu. Wastaafu walikuwa na kadi za Mfuko hata wale wasiolipwa pensheni, na kadi ya marehemu hufungwa. Alipokwenda kuchukua dawa za kifua, muuguzi aliona kwenye orodha kwamba mgonjwa ameshakufa, akamwambia arudi akishinda rufaa. Bi. Sikudhani aliuza mabati manne ya jiko lake, akanunua dawa za miezi miwili. Kisha akauza kitanda. Dawa za mwisho alikopa.

Mzee Ndalahwa alifariki kabla ya mvua za mwaka uliofuata. Bi. Sikudhani alikuja masjala kunipa taarifa, siku ya tatu baada ya mazishi. Nilitafuta mahali pa kuandika nikakosa, kwa sababu kwenye vitabu vyangu hakuna kilichobadilika. Alikaa kwenye benchi. Mimi niliendelea kugonga mihuri.

"Kila asubuhi alikuwa ananiuliza kama jina lake limerudishwa," alisema. "Siku za mwisho nikawa namwambia limerudi."

Nilimwuliza, maana ni wajibu wangu, nani alimpa taarifa hiyo isiyo rasmi. Alinitazama. Kisha akaniambia maneno ambayo sikuyaelewa wakati ule, kwamba ana hakika mama yangu alinilea vizuri.

Rufaa ya Mzee Ndalahwa ilifutwa mwezi uliofuata kwa sababu mkata rufaa alikuwa amekufa. Katika uamuzi huohuo Baraza lilibainisha kwamba masjala haikuwa imekosea, bali ilikuwa imetangulia.

*

Bi. Sikudhani alipofika miaka sitini na minane, Bwana Mgeta aliandaa hafla. Kulikuwa na maturubai, brasi bendi na soda. Alipanda jukwaani akafuta macho na kusema amesikia kwamba wazee wake wanateseka wakimngoja awalipe, na moyo wake hauwezi kulivumilia jambo hilo.

"Kwa hiyo," alisema, "nawarudisha kazini."

Wakati huo walikuwa wamebaki mia moja na thelathini kwenye daftari langu. Mshahara ungekuwa nusu, kwa kuwa mzee hufuma polepole. Magazeti yote mawili ya nchi husika yalimwita baba wa wazee, na wizara ikampa ngao.

Bi. Sikudhani alikubali. Mwenye nyumba alikuwa amekwisha mtolea vitu nje mara moja, na mwanawe mkubwa alikuwa amehamia mahali ambapo simu hazishiki. Walimrudisha kwenye mashine namba tisa. Kabla ya kusaini alipita Mfuko kuuliza kama huu ndio ule mwaka mmoja aliopungukiwa. Wakamjibu kwamba michango ya baada ya miaka sitini haihesabiwi. Akauliza kama basi hatakatwa. Wakamjibu kwamba kukatwa ni lazima, sheria haibagui umri.

Akawa anakatwa. Mfuko haukuzipata pesa hizo, lakini safari hii Bwana Mgeta hakuwa amefanya kosa lolote. Michango ya kiwanda chake ilikuwa imesimamishwa na Baraza, na yeye hakutaka kuidharau amri halali.

Nilimwona Bi. Sikudhani mara moja wakati huo, nilipokwenda kiwandani kupeleka barua. Alikuwa amesimama kwa kuegemeza nyonga kwenye chuma, na nyuzi alikuwa akizipitisha kwa kupapasa, kwa sababu macho yalikuwa yameanza ukungu. Fundi mpya alikuwa akimkaripia kwa jambo fulani. Alikuwa amemgeuzia sikio la kushoto.

*

Mwaka wa kumi na moja wa rufaa tulipata mjumbe wa tano. Naiona siku hiyo kuwa kubwa katika utumishi wangu. Nilipiga deki ukumbi kwa mikono yangu, nikapanga majalada sitini na mawili. Wastaafu waliofika walikuwa ishirini na sita. Bi. Sikudhani aliomba ruhusa kiwandani akakatwa siku, akaketi mstari wa mbele akiwa amevaa gauni la kijani lililopigwa pasi.

Mheshimiwa Kilimba alitangaza kwamba akidi imetimia na rufaa sasa itasikilizwa. Nakiri kwamba hata mimi nilishika kalamu kwa nguvu.

Msomi Rugaimo alisimama. Alisema kwa masikitiko makubwa kwamba ana jambo la awali. Amegundua, katika kumbukumbu za mteja wake, kwamba kila msimu wa baridi kwa miaka yote ya shauri hili kiwanda kilikuwa kikiwatumia waheshimiwa wajumbe mablanketi mawili mawili kama salamu za heri. Mjumbe mpya alipelekewa ya kwake jana jioni. Mteja wake hakuwa na nia mbaya. Lakini je, haki inaweza kuonekana imetendeka, iwapo Baraza zima limelala chini ya blanketi la upande mmoja?

Waheshimiwa walitazamana. Mheshimiwa Kilimba alivua miwani. Alisema hajawahi kusikia hoja nzito kama hiyo, na kwamba uadilifu ni kitu anachokithamini kuliko kiti chake. Akajiondoa. Wa pili akajiondoa, na wa tatu, mpaka wa tano ambaye alikuwa ameapishwa asubuhi ile. Baraza jipya lingeteuliwa kutoka kwa raia ambao hawajawahi kutumia blanketi la Bwana Mgeta. Kwa kuwa nchi husika ina kiwanda kimoja tu cha mablanketi, upekuzi ulikadiriwa kuchukua miaka sita. Amri ya kusimamisha ukusanyaji itaendelea. Niliombwa kusoma tarehe, nikaisoma.

Watu walitoka polepole kwa sababu wengi walikuwa na fimbo. Mmoja aliuliza choo kiko wapi. Bi. Sikudhani alikuja dirishani kwangu akiwa wa mwisho, akaniomba nimwandikie ile tarehe kwenye karatasi. Nilimwandikia kwa herufi kubwa: tarehe kumi na nne, mwezi wa tisa, na mwaka. Aliiweka karatasi karibu sana na jicho la kulia.

"Mwaka huo nitakuwa na miaka mingapi, mwanangu?"

Nilipiga hesabu ingawa sikuwa na haja ya kuipiga. Nikamwambia sabini na saba. Akatikisa kichwa taratibu, kama mtu anayeambiwa bei ya kitu dukani. Nilitaka kusema jambo. Nilitafuta katika kanuni lipi linaruhusiwa, na nilipokuwa bado natafuta, alinirudishia karatasi kupitia tundu la dirisha.

"Hujaandika saa," alisema. "Niandikie na saa, nisije nikachelewa."

Nikamwandikia saa tatu kamili asubuhi.